Dawati na Sitaha: Historia ya Kuongoza Vyombo vya Baharini kwa Mbali

Tangu mwaka 2020 kazi ya mbali inazungumzwa kana kwamba ilizaliwa pamoja na UVIKO-19. Kwa mhasibu wa benki au mhariri wa gazeti huenda ni kweli, lakini kwa bahari si kweli hata kidogo. Tangu zamani mwenye mali amekaa nchi kavu huku mali yake, na watu walioibeba, wakiwa mahali asipoweza kupaona wala kupafikia. Kwa hiyo anayetafuta historia ndefu ya kazi ya mbali asianzie kwenye intaneti, aanzie bandarini. Akifanya hivyo atagundua kuwa umbali wenyewe haujawahi kuwa tatizo kubwa, kwani watu wa bahari waliuzoea na kuutungia sheria na desturi. Tatizo kubwa limekuwa jingine: nani anaamua, na nani anabeba lawama uamuzi ukienda kombo. Hoja ya makala haya ni kwamba kila chombo kipya cha mawasiliano kilichobuniwa katika miaka 150 iliyopita kimehamisha mamlaka kutoka sitahani kwenda dawatini, huku hatari na sehemu kubwa ya lawama vikibaki sitahani. Pengo hilo ndilo linalopaswa kuzibwa sasa, kabla kazi nyingine nyingi hazijahamia nchi kavu.

Ushahidi wa kale ulio wazi zaidi katika Bahari ya Hindi ni barua. Katika sinagogi la Ben Ezra, Fustat, mji wa kale wa Cairo, zilihifadhiwa kwa karne nyingi karatasi zinazojulikana kama za Geniza. Miongoni mwake zimo barua za wafanyabiashara Wayahudi wa karne za 11 na 12 waliounganisha Misri, Aden na pwani ya Malabar. Mmoja wao, Abraham Ben Yiju, mzaliwa wa Tunisia, aliishi Malabar tangu miaka ya 1130 hadi mwishoni mwa miaka ya 1140 na kuendesha karakana ya vyombo vya shaba. Washirika wake wa Aden, akiwemo Madmun bin Hasan aliyekuwa msimamizi mkuu wa wafanyabiashara bandarini hapo, walimpelekea shaba chakavu pamoja na maelezo ya vyombo walivyotaka vifuliwe, kisha wakasubiri upepo wa msimu mwingine uwaletee kazi iliyokamilika. Barua yenye uzito ilinakiliwa na kila nakala kupandishwa chombo chake, ili chombo kimoja kikizama agizo lisizame nacho. Lakini agizo la namna hiyo halikuweza kutawala kila hatua. Hadi lilipofika, bei zilikuwa zimebadilika, mnunuzi amehama, pengine hata mtawala amefariki. Aliyeandika alijua hivyo, kwa hiyo alieleza lengo na mipaka, kisha akamwachia aliyeko huko atumie akili yake.

Sheria ya biashara ya wakati ule ilijengwa juu ya ukweli huohuo. Katika mudharaba, ambayo Waislamu waliitumia sana na Wayahudi wa Geniza waliijua vyema, mmoja hutoa mtaji na mwingine hutoa kazi na safari. Faida hugawanywa kwa sehemu walizokubaliana. Hasara, ikiwa haikutokana na uzembe au kuvunja masharti, humwangukia mwenye mtaji, naye msafiri hupoteza jasho lake tu. Mpango huu una busara ambayo ni rahisi kuipita bila kuiona. Aliyeko mbali, ambaye hawezi kuamua, hamtwishi msafiri mzigo wa bahati mbaya. Msafiri, ambaye ndiye anayeamua, hujibu kwa kosa lake mwenyewe na kwa hilo peke yake. Mamlaka na wajibu vilisafiri ndani ya chombo kimoja.

Zanzibar ya karne ya 19 ilikuwa mji ulioendeshwa kwa sehemu kubwa kutoka ng'ambo. Kuanzia miaka ya 1830 ushuru wa forodha ulikodishwa kwa nyumba ya biashara ya Jairam Shivji, yenye asili yake Kachchh, magharibi mwa India. Katika miaka ya 1850 Jairam alirudi Kachchh na kuishi huko, na shughuli za forodha zikawa chini ya Ladha Damji aliyebaki Unguja. Mapato makubwa ya dola ya Masultani, mikopo ya misafara ya bara, pembe za ndovu na karafuu, vyote vilipita katika mikono ya mtu ambaye mkuu wake alikuwa upande wa pili wa bahari, na habari zilikwenda na kusi na kurudi na kaskazi. Ladha Damji hakuweza kusubiri mwaka mzima ili aulize kama amkopeshe mtu fulani. Aliamua, akaandika hesabu, na mwisho wa msimu hesabu ndiyo iliyomsemea.

Nahodha wa jahazi naye alikuwa vivyo hivyo. Hakuwa dereva wa kuendesha chombo tu. Alikuwa mfanyabiashara, mwakilishi wa mwenye chombo, msuluhishi wa ugomvi wa mabaharia na mkopeshaji wao. Desturi hii ilidumu kuliko wengi wanavyodhani. Mwaka 1938 baharia na mwandishi wa Australia, Alan Villiers, alipanda jahazi la Kuwait akiwa na nahodha Ali bin Nasr el-Nejdi, wakashuka kutoka Uarabuni hadi Mogadishu, Mombasa, Zanzibar na kwenye mikoko ya delta ya Rufiji kupakia boriti. Jahazi lilikuwa la ukoo wa al-Hamad wa Kuwait, ambao ulikuwa na mtu wake Aden wa kushughulikia biashara za huko. Mawakala walikuwepo, barua zilikuwepo, lakini mahali pa kuuza, bei ya kukubali na siku ya kung'oa nanga viliamuliwa na nahodha. Mabaharia hawakuwa na mshahara wa mwezi. Matumizi ya safari yakishatolewa, mapato yaligawanywa kati ya chombo na watu wake kwa mafungu, na kila mmoja alipata kwa kadiri ya cheo chake. Safari mbaya iliwauma wote, aliyebaki nyumbani na aliyekwenda.

Hapa inafaa kusimama na kulisikiliza pingamizi la kwanza, maana ni zito. Atasema msomaji kwamba uhuru wa nahodha ulikuwa pia uhuru wa kudhulumu, na kwamba umbali ulificha maovu. Ni kweli. Kitabu cha maajabu ya India kinachonasibishwa na Buzurg bin Shahriyar, cha karne ya 10, kina kisa cha nahodha Ismailawayh, ambaye chombo chake kilisukumwa na upepo hadi nchi ya Zanj. Mfalme wa huko aliwapokea vizuri na kuwaacha wafanye biashara yao, naye alipopanda chomboni kuwaaga walimchukua pamoja na watu wake na kwenda kumuuza utumwani Oman. Karne nyingi baadaye, majahazi ya pwani hii hii yalibeba watumwa, na wengine miongoni mwa mabaharia wenyewe walikuwa watumwa. Nao mabaharia waliokuwa huru mara nyingi walifungwa na deni la nahodha msimu baada ya msimu. Hakuna sababu ya kuupamba wakati huo. Lakini tuangalie kisa cha Ismailawayh kinafundisha nini. Dhuluma ile haikutoka katika umbali peke yake. Ilitoka katika mamlaka ambayo hayakuwa na wa kuyahoji. Mfalme aliyeuzwa hakuwa na kadhi wala mkuu wa bandari wa kumshtakia nahodha. Mamlaka yasiyohojiwa huumiza watu popote yalipokaa, kwenye sitaha ya jahazi au kwenye ghorofa ya ishirini ya jengo la kampuni. Kwa hiyo pingamizi hili haliivunji hoja, linaisukuma mbele.

Mabadiliko yalianza kwa waya. Mwaka 1869 Mfereji wa Suez ulifunguliwa. Mwaka 1872 kampuni ya British India ilianza kuleta meli za moshi zenye barua kutoka Aden hadi Zanzibar. Mwaka 1879 waya wa telegrafu wa chini ya bahari ulilazwa kutoka Aden kupita Zanzibar na Msumbiji hadi Durban. Habari iliyosubiri msimu wa upepo sasa ilifika siku hiyo hiyo, na mfanyabiashara wa Unguja aliweza kujua bei ya London kabla hajauza. Katika bahari nyingine mambo yalikuwa hivyo hivyo. Mwaka 1872 kulifunguliwa kituo cha ishara kwenye rasi ya Lizard, kusini magharibi mwa Uingereza, ambapo meli zilizotoka safari ndefu zilijitambulisha kwa bendera, na habari zao kupelekwa kwa telegrafu mpaka kwa wenye mali. Ikawa desturi kwa meli za nafaka kutoka Australia na California kuondoka bila kujua zitashusha wapi. Nahodha alitia nanga Falmouth akasubiri amri, na amri iliandikwa na mtu ambaye hakuwahi kuiona meli hiyo.

Tuupime uzito wa badiliko hilo. Nahodha wa meli ya moshi hakuwa tena mfanyabiashara. Elimu ya soko ilihama kutoka kichwani mwake kwenda kwenye vitabu vya misimbo vilivyotumiwa na makarani wa ofisini kufupisha telegramu, kwa kuwa kila neno lililipiwa. Fungu la faida likawa mshahara. Alibaki na elimu ya bahari, lakini aliyekuwa mshirika alikuwa ameshageuka mwajiriwa. Sheria za bahari, hata hivyo, ziliendelea kumwita bwana wa chombo na kumwajibisha kwa kila kilichotokea ndani yake. Kuanzia hapo mamlaka na wajibu vilianza kupanda vyombo tofauti.

Simu ya upepo ilikamilisha kazi ambayo waya ulikuwa umeianza. Waya ulimfikia nahodha bandarini tu. Redio ilimfikia katikati ya bahari. Hata mtumishi wa kwanza wa redio melini mara nyingi hakuwa wa meli, kwa maana aliajiriwa na kampuni ya Marconi iliyokuwa nchi kavu. Matokeo ya hali hiyo yalionekana kwa namna ya kutisha tarehe 16 Machi 1978. Asubuhi hiyo meli ya mafuta Amoco Cadiz, yenye bendera ya Liberia na mabaharia wa Italia, iliharibikiwa mtambo wa usukani karibu na pwani ya Brittany, Ufaransa. Meli ya kuvuta ya Kijerumani, Pacific, ilifika kusaidia. Lakini saa zilipotea katika mabishano juu ya mkataba wa uokoaji, huku nahodha akitafuta idhini ya wakuu wake Chicago kwa simu ya redio, na upepo ukiisukuma meli kuelekea miambani. Usiku huo ilipanda mwamba mbele ya Portsall, na zaidi ya tani 220,000 za mafuta ghafi zikamwagika. Wahenga wa pwani walionya kwamba manahodha wengi chombo huenda mrama, lakini walikuwa wakiwawazia manahodha walio chomboni. Huyu wa Chicago hakuhisi mawimbi wala hakuuona mwamba, na hata hivyo neno lake ndilo lililosubiriwa.

Kesi iliyofuata ni muhimu kuliko ajali yenyewe. Mwaka 1984 mahakama ya Marekani huko Chicago haikuishia kwa nahodha. Ilipanda ngazi hadi kwa kampuni za Amoco na kampuni mama, Standard Oil ya Indiana, na kuzikuta na kosa la uzembe katika kutunza mtambo wa usukani na kuwafundisha mabaharia. Hii inathibitisha kwamba sheria inaweza kumfuata mwamuzi hadi ofisini kwake ikitaka. Bahati mbaya ilihitaji pwani nzima kuchafuka, dola ya Ufaransa na miji yake kushtaki, na miaka sita ya mahakama.

Pingamizi la pili litasema: mawasiliano hayo hayo yameokoa roho nyingi, je, tuyalaumu? La. Januari 1909, meli Republic ilipogongwa katika ukungu karibu na Nantucket, mtumishi wa redio Jack Binns aliita msaada, na watu zaidi ya 1,500 wa meli mbili zilizogongana wakaokolewa. Tangu Februari 1999 mfumo wa dunia wa kuita msaada kwa setilaiti na redio umechukua nafasi ya Morse, na tangu 2006 Mombasa ina kituo cha kanda cha kuratibu uokoaji baharini kinachopokea miito ya namna hiyo. Watu wa kituo hicho nao hufanya kazi kwa mbali, na kazi yao ni ya kuheshimiwa. Lakini angalia wanachokifanya. Humpa nahodha habari na msaada. Hawamnyang'anyi uamuzi kisha wakamwachia lawama. Kuna tofauti kati ya nchi kavu inayohudumia chombo na nchi kavu inayokitawala kimyakimya. Ya kwanza inastahili kila shilingi inayotumika. Ya pili ndiyo inayohitaji sheria.

Pingamizi la tatu ndilo gumu zaidi: sheria hiyo tayari ipo. Tarehe 6 Machi 1987 feri ya Uingereza, Herald of Free Enterprise, ilitoka bandari ya Zeebrugge milango yake ya omo ikiwa wazi, ikapinduka, na watu 193 wakafa. Uchunguzi ulionyesha kuwa manahodha wa kampuni hiyo walikuwa wameomba taa ya kuwajulisha kama milango imefungwa, na ofisi ikalipuuza ombi lao. Kutokana na ajali hiyo na nyingine ulizaliwa Msimbo wa Kimataifa wa Usimamizi wa Usalama, uliokuwa lazima kwa meli za abiria na za mafuta kuanzia Julai 1998, na kwa nyingine nyingi kuanzia Julai 2002. Msimbo huo unataka kila kampuni iwe na mtu maalumu nchi kavu mwenye njia ya moja kwa moja kwa wakuu, na unamthibitishia nahodha kauli ya mwisho katika usalama. Ni hatua kubwa. Lakini kauli ya mwisho iliyoandikwa kwenye karatasi haina nguvu sawa mbele ya mtu ambaye mkataba wake wa miezi michache unategemea ofisi ile ile anayotakiwa kuikatalia. Tena, mashtaka ya kuua bila kukusudia yaliyofunguliwa dhidi ya kampuni na wakuu wake baada ya Zeebrugge yalianguka mahakamani mwaka 1990, kwa kuwa sheria ya wakati huo ilitaka kosa lipatikane kwa mtu mmoja wa juu, wakati kosa lilikuwa limetawanyika katika madawati mengi. Huo ndio udhaifu wa kazi ya mbali: uamuzi ukigawanywa vipande vya kutosha, hapatikani wa kuulizwa.

Mwaka 2020 uliweka historia hii yote wazi. Ugonjwa ulipoenea, wafanyakazi wa ofisi za meli, wakaguzi na mawakala wa bima walirudi nyumbani na kuendelea na kazi kwa kompyuta. Hata ukaguzi wa vyombo ulianza kufanywa kwa picha na video. Mabaharia hawakurudi nyumbani. Bandari zilifungwa, ndege zikasimama, na kufikia mwisho wa mwaka huo mabaharia wapatao 400,000 walikuwa wamekwama melini baada ya mikataba yao kumalizika. Hakuna mwaka ulioonyesha waziwazi zaidi kwamba ndani ya sekta hiyo hiyo, uhuru wa kufanya kazi popote ulikuwa wa upande mmoja.

Julai mwaka huo huo meli Wakashio ilipanda mwamba Mauritius, na takriban tani 1,000 za mafuta zikaingia kwenye bahari ya matumbawe inayolisha wavuvi. Wachunguzi walieleza kuwa meli ilisogezwa karibu na nchi kavu ili watu wake wapate mtandao wa simu. Desemba 2021 nahodha na ofisa wake wa kwanza walihukumiwa kifungo cha miezi 20. Kosa lao lilikuwa kosa, na halipaswi kufichwa. Lakini inafaa kuuliza jambo ambalo kesi ya nahodha peke yake haiwezi kulijibu: katika karne hii ambayo ofisi inaweza kuifuatilia meli kwa setilaiti kila saa, ilikuwaje baharia alazimike kutafuta mnara wa simu ufukweni ili asikie sauti ya mkewe? Mtandao ulikuwa umepanda melini kwa ajili ya amri na ripoti kabla haujapanda kwa ajili ya watu. Marekebisho ya Mkataba wa Kazi za Baharini yaliyoanza kutumika Desemba 2024, yanayotambua haki ya mabaharia kuunganishwa na jamaa zao, yamechelewa, lakini yanaelekea panapostahili.

Yajayo tayari yameanza. Rotterdam, tangu 2015, kuna kituo cha makontena ambacho waendesha kreni wake hukaa ndani ya jengo mbele ya skrini. Norway imeunda Yara Birkeland, meli ya umeme iliyoanza kazi mwaka 2022, na lengo lake ni kuongozwa kutoka kituo cha nchi kavu. Tangu Januari 2024 bandari za nchi wanachama wa Shirika la Kimataifa la Usafiri wa Majini zinatakiwa kupokea taarifa za meli kwa dirisha moja la kielektroniki. Vijana wa Chuo cha Bahari cha Dar es Salaam na wa Bandari Maritime Academy ya Mombasa watafanya kazi zao katika dunia hii, wengine sitahani na wengine dawatini. Kreni ya mbali inamtoa mfanyakazi kwenye joto, upepo na hatari ya kuanguka, na hilo ni jema. Hakuna haja ya kuomboleza kazi hatari inayoondoka.

Haja iliyopo ni kurudisha kanuni ambayo mudharaba na mafungu ya jahazi viliilinda kwa njia zao: anayeamua ajibu, na anayejibu awe na uwezo wa kuamua. Kwa vitendo hiyo ina maana kwamba amri inayotoka nchi kavu iandikwe pamoja na jina la aliyeitoa, kwa uzito ule ule wa daftari la safari linaloandikwa melini. Ina maana kwamba mtu anayeongoza chombo kwa skrini awe na cheti, saa za kupumzika na wajibu wa kisheria kama aliyeshika usukani, na kwamba nahodha aliyekataa amri kwa sababu ya usalama asipoteze mkataba wake unaofuata. Watasema wenye meli kwamba haya ni mzigo na gharama. Ni gharama kweli, lakini leo inalipwa na baharia anayekwenda jela kwa uamuzi alioshiriki nusu tu, na pia na mvuvi anayekuta mafuta kwenye wavu wake. Wazee wa bahari hii waliishi na umbali mkubwa kuliko wetu, na kwa mapungufu yao yote walijua nani ameamua nini. Sisi tuna uwezo wa kuzungumza na kila chombo kilichoko baharini, na kwa hiyo hatuna udhuru wa kutolijua hilo.